Utenzi wa Mshika Mlingoti

Keti nikusimulie,
simu kando uitie,
kisa hiki usikie
cha Langoni mtaani.

Famau alirejea,
Mombasa alitokea,
sanduku lamlemea
punda wake mgongoni.

"Ni friji?" wakauliza.
"Ni santuri ya kucheza?"
Famau akanyamaza,
kicheko ki mashavuni.

Kioo rangi ya jivu,
miguu yake mikavu,
mgongo ulo na mbavu,
likakaa msanani.

Betri yake, ikichoka,
hubebwa kwa kuzunguka
kama harusi ya kaka,
watoto nyuma, njiani.

Juu kule, mlingoti
wa mianzi na mabati,
sufuria tatu kati,
za mamake, za jikoni.

Na Shekuwe, mwana wao,
kifungua mimba chao,
alishika mti huo,
saa mbili u darini.

"Pinda kushoto! Zidisha!
Hapo! La, umepitisha!
Rudi! Chenga zatuchosha!
Tulia! Huyo! Oneni!"

Sakubimbi aingia,
kofia imezamia
hata macho, hana njia,
ajigonga mlangoni.

Naye Bi Tandabelua
mwiko ameuinua:
"Sukari umenunua?"
Yeye: "Sukari ya nini?"

Bi Mwanate akacheka,
buibui lamponyoka,
maalimu kajishika
mbavu, alia, "Jamani!"

Walokosa pa kukaa
madirishani wajaa,
na mtoto, kwa tamaa,
kakwama kichwa nondoni.

Kulikuwa na mwimbaji,
nywele kazipaka maji,
na yule mtangazaji
asopepesa jichoni.

Bibi alijitandia:
"Huyu hunikodolea!"
Salamu humjibia:
"Nawe lala kwa amani."

Mara betri, kwa inadi,
picha ikawa ya kadi,
ikawa punje, na hadi
kimulimuli gizani.

Jumba lote likaguna,
mwishowe hatukuona,
hata leo tunanena:
yule mwizi, kwani nani?

Na Shekuwe, juu kule,
mbu wamtafuna vile,
kicheko cha watu wale
chamfikia tunduni.

Hakuwahi kuuona
uso wake yule bwana;
akiachia, hakuna,
ni chenga tu kiooni.

Asubuhi hutwambia:
"Jana mlipochekea
kisha mkanyamazia,
kulikuwa kuna nini?"

Tukamweleza kwa pupa,
huyu ajifanya pipa,
yule aanguka, hapa,
na mwiko u mkononi.

Miaka ikajongea,
rangi zikatufikia,
sanduku likahamia
kwa kuku, kule uani.

Kuku mweusi hutaga
pale bwana akiaga,
vifaranga vinapiga
kelele za duniani.

Kila mtu ana yake,
kiganjani, na upweke,
hucheka chini, kivyake,
nasi hatujui nini.

Juzi habari ikaja:
Sakubimbi hana haja
ya kofia ile moja,
amelala mchangani.

Wakaonyesha kipande.
Shekuwe kashika tende,
akasahau iende
pale pake, mdomoni.

Yeye sasa ni mzee,
fimbo ndiyo atembee,
aliomba tusogee
akae mbele, kitini.

"Ndiye huyu?" kauliza.
"Mwembamba wa kushangaza!
Mlivyojigaragaza
nilidhani ana tani!"

Kisha akacheka, pweke,
kicheko cha zamu yake,
na ile mikono yake
ikashika, nguzo gani?

Wachekeshaji wa kale,
mlale mahali pale
pasipo chenga, milele,
picha tuli kiooni.

Na wewe uloshikiza
mlingoti, kwenye giza,
mbu wakikutumbuiza,
shuka sasa, njoo ndani.